Ida Lupino: Mchezaji wa Sinema Aliyeshika Kalamu

Mazungumzo na wanakisomo wa madarasa ya jioni



Leo hatuzungumzi juu ya mbolea wala maji ya kuchemsha. Hayo tumeyasoma, na tutayarudia msimu ukifika. Leo tunazungumza juu ya mwanamke mmoja wa sinema. Jina lake ni Ida Lupino. Alizaliwa London, Uingereza, mwaka 1918. Kazi yake kubwa aliifanya Marekani, na huko ndiko alikofia mwaka 1995, akiwa na umri wa miaka 77.

Tunajua mtasema, "Mwanamke wa sinema anatuhusu nini sisi wakulima?" Ngojeni kidogo. Wengi wenu sasa mnajua kusoma. Mnasoma barua za watoto wenu. Mnasoma mizani siku ya kuuza mazao, na karani hawezi kuwapunja. Lakini tukiwaambia, "Haya, sasa andikeni," darasa zima linanyamaza. Mtu anasema, "Mimi niandike nini? Kuandika ni kazi ya wakubwa." Basi huyu mama alifanya kazi miaka kumi na saba akisema maneno yaliyoandikwa na wengine. Halafu akaandika ya kwake. Na alipoandika, alichagua mambo ambayo watu wa huko walikuwa wakiyasema kwa kunong'ona tu.

Kwanza tuelewane juu ya kazi yenyewe. Wazee wanakumbuka gari la sinema. Lilikuwa likifika jioni, shuka jeupe linatundikwa, mashine inawashwa, na watoto wanakaa chini mbele kabisa. Sisi tulikuwa tunaona watu wanatembea na kusema pale kwenye shuka. Hao ndio wachezaji, au waigizaji. Lakini nyuma yao kuna watu ambao hatuwaoni. Kuna mwandishi, ambaye ameandika hadithi na kila neno litakalosemwa. Na kuna mwongozaji. Mwongozaji ni kama fundi mkuu wa nyumba. Ndiye anayesema: wewe simama hapa, wewe lia sasa, kamera isogee, basi, turudie tena.

Na mchezaji je? Katika siku zile wenye makampuni ya sinema walimwona mchezaji kama tofali. Ni tofali zuri, limechomwa vizuri, lakini linakaa pale linapowekwa. Hasa akiwa mwanamke.

Ida alizaliwa katika ukoo wa watu wa michezo. Baba yake, Stanley Lupino, alikuwa mchekeshaji mwenye jina kubwa. Mama yake, Connie Emerald, alikuwa mchezaji pia. Huku kwetu kuna koo za wahunzi na koo za waganga, mtoto anakua anaona kazi ya wazee wake. Kwake ilikuwa hivyo hivyo. Akiwa msichana mdogo alipelekwa kusoma katika chuo kikubwa cha uigizaji cha London. Mwaka 1932 akapata nafasi katika filamu. Alikuwa na miaka kumi na minne. Inasimuliwa kwamba mama yake ndiye aliyekwenda kuitafuta nafasi ile, kumbe mwongozaji akamtaka binti!

Mwaka wa pili yake akachukuliwa kwenda Hollywood. Hollywood ni mtaa wa mji wa Los Angeles, Marekani, na ndiko makampuni makubwa ya sinema yalikokuwa. Huko walimpaka nywele rangi ya dhahabu. Walimnyoa nyusi, wakamchorea nyingine. Wakampa sehemu za msichana mzuri asiye na neno la maana la kusema. Miaka kadhaa ikapita hivyo.

Mwaka 1934 akapata ugonjwa wa polio. Ndugu wanakisomo, polio mnaijua. Ndiyo ile tunayowachanjia watoto, ile iliyoacha watu wengi wakitembea kwa magongo. Wakati ule chanjo haikuwapo duniani. Yeye alipona. Lakini msichana anayelipwa kwa ajili ya uso wake na mwendo wake, akalala kitandani hajui kama mguu utatii, anapata muda wa kufikiri. Baadaye alieleza kwamba ugonjwa ule ulimfundisha kutotegemea sura peke yake. Alikuwa na akili, na akili haipoozi.

Tusikae sana kwenye miaka iliyofuata. Tuseme jambo moja tu. Mwaka 1939 ilikuwa inatengenezwa filamu iitwayo The Light That Failed. Ndani yake kuna sehemu ya mwanamke mkali, maskini, mwenye hasira. Ida aliitaka sehemu ile. Hakuna aliyemwita. Inasimuliwa kwamba aliingia ofisini kwa mwongozaji, William Wellman, bila kubisha hodi kwa taratibu, akamwambia amsikilize hapo hapo. Akasikilizwa. Akaipata. Kuanzia hapo watu wakajua kwamba huyu anaweza kazi.

Basi kampuni ya Warner Bros. ikamwajiri. Mwaka 1941 alicheza katika filamu ya High Sierra pamoja na Humphrey Bogart, na jina lake likaandikwa juu ya jina la Bogart. Katika mwaka 1943 alicheza The Hard Way, na waandishi wa magazeti wa mji wa New York wakamtaja kuwa mchezaji bora wa kike wa mwaka ule.

Sasa hapa ndipo pa kusikiliza. Mkataba wa makampuni yale ulikuwa mgumu. Kampuni ndiyo iliyoamua mchezaji acheze nini. Akikataa, anasimamishwa kazi bila mshahara, na ruhusa ya kwenda kufanya kazi penginepo hana. Ida alikataa mara nyingi. Alisema sehemu hii ni ya kipuuzi, mimi siichezi. Wakamsimamisha. Akarudi. Akakataa tena. Wakamsimamisha tena.

Mtu aliyesimamishwa afanye nini? Wengine wangekaa nyumbani wakilalamika. Yeye alikwenda kuwatazama wengine wakifanya kazi. Alisimama pembeni akaangalia mwongozaji anavyopanga watu. Aliangalia mpiga picha anavyoweka taa. Aliingia katika chumba ambamo filamu inakatwa na kuungwa, maana filamu haipigwi kwa mfululizo kama mnavyoiona. Inapigwa vipande vipande, kisha inashonwa kama nguo. Alikuwa akisema kwamba mchezaji anakaa bure sana akingoja, na kazi ya kupendeza inafanywa na watu wengine.

Hakuna aliyempa cheti kwa masomo yale. Hakuna aliyejua hata kama alikuwa anasoma.

Mwaka 1947 aliachana na Warner Bros. Mwaka uliofuata aliolewa na Collier Young, mtu wa kazi hiyo hiyo ya filamu. Yeye na mumewe na wenzao wakaanzisha kampuni yao ndogo. Fedha zilikuwa kidogo. Hawakuwa na majumba makubwa ya kupigia picha. Wakasema, vizuri, tutakwenda barabarani, tutakwenda hospitali, tutapiga picha mahali penyewe. Hawakuwa na fedha za kuwalipa wachezaji wakubwa, basi wakachukua vijana wasiojulikana.

Filamu ya kwanza ilikuwa Not Wanted, ya mwaka 1949. Jina hilo maana yake ni "asiyetakiwa." Ida alishiriki kuandika mchezo wenyewe. Hakukusudia kuuongoza. Aliajiriwa mzee mmoja, Elmer Clifton, mwongozaji wa siku nyingi. Kazi ilikuwa imeanza siku chache tu, mzee akashikwa na ugonjwa wa moyo. Watu wamekusanyika, kamera zimekodiwa, na fedha za kumwajiri mwongozaji mwingine hakuna. Nani ataongoza?

Ida akasimama akaongoza.

Hakuwa na muda wa kujiuliza kama anaweza. Lakini kumbukeni ile miaka ya kusimama pembeni na kutazama. Filamu ikaisha. Katika maandishi ya mwanzo wa filamu hakuandika jina lake kuwa ni mwongozaji. Aliliacha jina la Clifton. Mzee yule alifariki mwaka huo huo.

Na hadithi yenyewe je? Ni ya msichana wa kawaida, anayeitwa Sally. Anafanya kazi ya kuhudumu mezani. Anampenda mpiga piano mmoja, mtu wa kupita, leo yuko mji huu kesho mji ule. Msichana anatoka kwao anamfuata. Mpiga piano hamtaki, anakwenda zake. Sally anatambua kwamba ana mimba. Anaona aibu kurudi kwa wazazi. Anakwenda kwenye nyumba ya kutunza wasichana wenye mimba wasio na waume. Anajifungua, na kwa kuwa hana njia ya kumlea mtoto, anamtoa alelewe na watu wengine. Kisha akili zinamvurugika. Siku moja anaona mtoto wa mtu mwingine katika kigari barabarani. Anamchukua. Anakamatwa.

Mnaona? Tulipoisimulia hadithi hii kwa mara ya kwanza, kina mama hawakuuliza Marekani iko wapi. Walitazamana tu.

Wakati ule Marekani kulikuwa na ofisi ya makampuni ya sinema iliyokagua kila filamu. Ilikuwa na kanuni ndefu. Jambo hili lisionyeshwe, neno hili lisitamkwe. Hadithi ya msichana mwenye mimba isiyo na ndoa ilikuwa ngumu kupita pale. Ida na wenzake walibishana na ofisi ile, wakabadilisha hapa, wakang'ang'ania pale. Jambo walilong'ang'ania ni moja: msichana asionyeshwe kama mhuni wa kucheka wala shetani wa kuogopa. Aonyeshwe kama binti wa mtu. Katika sehemu ya kujifungua, kamera imewekwa pale alipolala msichana. Tunaona anachokiona yeye, taa za juu na nyuso za watu zikimwinamia. Mwongozaji mwingine angetuweka mlangoni. Ida alitulaza kitandani.

Filamu ikapata watu wengi. Eleanor Roosevelt, mjane wa Rais Roosevelt, alimwalika Ida kuzungumza naye katika redio juu ya jambo lile. Huku kwetu nako waandishi wamelishika jambo hilo hilo. Penina Muhando aliandika mchezo wake wa Hatia, uliochapwa mwaka 1972, juu ya binti mwenye mimba. Waliokwisha kuusoma katika maktaba ya kijiji wanajua tunasema nini.

Filamu iliyofuata inaitwa Never Fear. Hiyo ndiyo ya kwanza kuandikwa jina lake kuwa mwongozaji. Inamhusu mcheza dansi, msichana, anayepatwa na polio. Sasa mnajua aliitoa wapi hadithi hiyo. Alikwenda kuipiga katika hospitali ya kweli ya kuwafundisha waliopooza kutumia viungo vyao tena, na baadhi ya watu mnaowaona ndani yake ni wagonjwa wa kweli. Kuna dansi mle inayochezwa na watu walio katika viti vya magurudumu, wanazunguka wawili wawili. Hawakuwekwa pale ili tuwaonee huruma. Wanacheza dansi, basi.

Lakini filamu ambayo sisi tunaiona kuwa ya ujasiri kuliko zote ni Outrage, ya mwaka 1950. Hii ni hadithi ya msichana karani, Ann, aliyechumbiwa, mwenye furaha. Usiku mmoja amechelewa kazini. Mwanamume anamfuata barabarani. Anakimbia. Sehemu ile ni ndefu, na karibu haina maneno. Ni mitaa mitupu, hatua za viatu, na msichana anayetafuta pa kujificha. Yule mtu anamkamata. Anambaka.

Ndugu wanakisomo, tumelisema neno hilo hapa mbele ya wazee, na tunaomba radhi kwa wanaoliona kali. Katika filamu ile neno hilo halisemwi hata mara moja. Wakaguzi hawakuruhusu. Watu wanasema "ameshambuliwa," wanasema "tendo la jinai." Tusiwacheke. Sisi tunasema nini? Tunasema msichana "ameharibiwa." Hebu tulitazame neno hilo vizuri, kama tunavyotazama neno jipya ubaoni. Kinachoharibika ni maziwa. Kinachoharibika ni baiskeli. Tukishasema binti ameharibika, tumekwisha kumhukumu yeye, na yule mwanamume hatujamtaja hata kidogo.

Jambo hilo ndilo Ida aliloliandika. Sehemu kubwa ya filamu si ule usiku. Ni siku zinazofuata. Ann anapita njiani, majirani wanatazama. Anaingia ofisini, watu wananyamaza. Kila anayemhurumia anamkumbusha. Mwenzake anagonga muhuri kwenye karatasi, ta, ta, ta, na mlio ule wa kila siku unakuwa kama nyundo kichwani mwake. Hakuna aliyemtukana. Lakini hawezi kukaa. Anapanda basi anakimbia mji wake mwenyewe, anakwenda kuishi kwenye mashamba ya machungwa mahali wasikomjua. Aliyefanya kosa yuko huru, na asiye na kosa ndiye mkimbizi.

Filamu hiyo ina kasoro. Tuseme wazi. Huko mashambani anatokea mchungaji wa dini, mtu mwema, na karibu kila jambo linatengenezwa na yeye. Ndivyo zinavyokwisha kadhaa kati ya filamu za Ida: mwanamke ameumia, mwanamume mwema anamwinua. Sisi tungependa kumwona Ann akiinuliwa na wanawake wenzake pia. Lakini katika mwaka 1950 hakuna mwingine katika sinema ya Marekani aliyeliweka jambo lile katikati ya meza na kukaa nalo hivyo, tangu mwanzo hadi mwisho.

Tumeulizwa, je, wanawake wengine walikuwa wakiongoza filamu? Katika siku za mwanzo za sinema walikuwapo kadhaa. Baadaye fedha zilipokuwa nyingi, wakasukumwa nje. Mara nyingi inakuwa hivyo, hata kwetu. Pombe inapikwa na kina mama mpaka inapoanza kuleta faida kubwa. Hollywood alibaki Dorothy Arzner peke yake, naye aliacha kutengeneza filamu mwaka 1943. Ida akawa mwanamke wa pili, baada ya Arzner, kuingia katika chama cha waongozaji wa Marekani. Inasimuliwa kwamba mwenyekiti alikuwa akifungua mkutano kwa kusema, "Mabwana, na Bibi Lupino."

Mtu angefikiri kwamba mwanamke huyu anaweza hadithi za wanawake tu. Mwaka 1953 akatoa The Hitch-Hiker, na humo karibu hamna mwanamke kabisa. Wanaume wawili wanakwenda kuvua samaki. Njiani wanampa lifti mtu asiyejulikana. Kumbe ni muuaji, ana bastola, anawalazimisha kumwendesha hadi ndani ya nchi ya Mexico. Hadithi hiyo ilitokana na jambo la kweli. Alikuwako mtu aitwaye Billy Cook, aliyeua watu sita mwishoni mwa mwaka 1950 na mwanzoni mwa mwaka 1951, akanyongwa kwa gesi katika gereza la California mwaka 1952. Muuaji wa katika filamu ana jicho moja lisilofumba hata akilala. Wale wawili wanamtazama usiku kucha, hawajui kama amelala au yuko macho. Tunawaambia, ni filamu ya kutoa jasho.

Mwaka huo huo akatoa The Bigamist. Maana yake ni mtu mwenye wake wawili. Wazee mnacheka! Huko sheria hairuhusu mwanamume kuoa wa pili hali ana wa kwanza. Akifanya hivyo ni jinai, anafungwa. Basi mtu huyu ni mchuuzi anayesafiri. Ana mke San Francisco, na ana mke Los Angeles, na hakuna anayejua. Anagunduliwa kwa sababu yeye na mke mkubwa wanaomba kupewa mtoto wa kulea, na mkaguzi wa watoto anakuja kuchunguza nyumba. Ida mwenyewe alicheza sehemu ya mke wa pili, huku akiongoza. Yaani alikuwa mbele ya kamera na nyuma ya kamera kwa wakati mmoja. Na mke wa kwanza alichezwa na Joan Fontaine. Sasa sikilizeni vituko vya dunia. Wakati ule Ida alikuwa ameachana na Collier Young, na Young alikuwa amemwoa huyo huyo Joan Fontaine. Na mchezo uliandikwa na Young! Watatu hao wakafanya kazi pamoja, filamu ikaisha.

Hakimu katika filamu ile hasemi mume atafungwa miaka mingapi. Wake wote wawili wapo barazani. Hakuna aliyefanywa mbaya. Mtazamaji anatoka akibishana na mwenzake, na pengine ndiyo ilikuwa nia.

Kampuni yao haikudumu. Waliamua wasipeleke tena filamu sokoni kwa mikono ya makampuni makubwa, bali wazisambaze wenyewe. Mnaojua habari za ushirika mtaelewa. Kulima ni kazi moja. Kupata magunia, lori, ghala na mnunuzi ni kazi nyingine. Wao walijua kulima. Fedha zikawaishia katikati ya miaka ya 1950.

Ida hakurudi nyumbani kulia. Televisheni ilikuwa imeanza kuenea, na vipindi vilitakiwa kila wiki. Akaongoza vipindi vingi, miaka na miaka. Vya mauaji, vya wapanda farasi, vya vichekesho. Kulikuwa na mfululizo mmoja maarufu uitwao The Twilight Zone. Mwaka 1959 alicheza katika kipindi kimoja, na mwaka 1964 akaongoza kingine. Hakuna mwanamke mwingine aliyeongoza kipindi katika mfululizo ule wa kwanza.

Nyuma ya kiti chake cha kazi waliandika maneno yenye maana ya "Mama yetu sote." Yeye alilipenda jina hilo. Alieleza kwamba hakuwa akiwaamrisha mafundi wa kiume, maana wangemchukia. Alikuwa akiwaambia, "Wanangu, mama yenu ana tatizo hapa, mnaonaje?" Nao wanakimbilia kumsaidia. Katika darasa letu wengine waliisifu akili hiyo. Mama mmoja aliipinga. Alisema, "Mwanamume mwenye cheo anasema fanya, na inafanywa. Kwa nini sisi tubembeleze?" Sisi tunaona mama huyo ana haki. Lakini tunaona pia kwamba Ida alikuwa peke yake, na mtu aliye peke yake katikati ya wengi huchagua silaha atakayoweza kuibeba. Yeye mwenyewe hakujiita mpigania haki za wanawake. Alisema tu anafanya kazi yake.

Filamu yake ya mwisho kuongoza ni The Trouble with Angels, ya mwaka 1966, juu ya wasichana watundu katika shule ya masista. Ni nyepesi, ya kuchekesha. Baada ya hapo aliendelea kucheza na kuongoza mara kwa mara, kisha akapumzika kabla ya miaka ya 1980 kuanza.

Miaka mingi watu walimkumbuka kama mchezaji tu. Baada ya kufa kwake mambo yakabadilika. Marekani kuna orodha ya taifa ya filamu zinazotakiwa kuhifadhiwa zisipotee. Mwaka 1998 The Hitch-Hiker iliingizwa katika orodha hiyo. Mwaka 2020 ikaingizwa Outrage, ile ya msichana karani, miaka sabini tangu itengenezwe.

Hayo ndiyo tuliyokuja nayo. Tulipomaliza, tulipokea maswali. Kijana mmoja aliuliza kama mwongozaji analipwa zaidi ya mchezaji. Tulimjibu kwamba inategemea jina la mtu na mkataba wake, na kwamba katika kampuni ile ndogo hakuna aliyetajirika.

Bibi mmoja aliyekaa nyuma, ambaye kwa kawaida hasemi, alinyosha mkono. Aliuliza habari za Sally, yule wa filamu ya kwanza. Alitaka kujua kama alifungwa kwa kuchukua mtoto wa watu, na kama yule wa kwake alimpata.

Tulimjibu hivi. Hakufungwa. Mama wa yule mtoto alipopewa habari zake, hakumshtaki. Akaachiwa. Nje alikuwa anamngoja kijana mmoja aliyempenda, Drew, ambaye alipoteza mguu vitani na alitembea kwa mguu wa bandia. Sally alipomwona alikimbia, na kijana akamfuata, anaanguka, anainuka, mpaka akashindwa kabisa akalala chini. Hapo Sally akageuka, akarudi.

Lakini mtoto wake hakumpata tena.

Bibi alisema, "Basi," akakaa.